Skrini Moja Haitoshi

Mwaka 1993 mtu aliyekwenda sinema nchini Ufini aliweza kukutana na jambo asilolitarajia kabla ya filamu aliyolipia kuanza. Taa zimeshazimwa, matangazo ya biashara yanapita moja baada ya jingine. Mara anatokea baba na familia yake uani, wanaanika shuka. Mtazamaji anasubiri jina la sabuni. Halitajwi. Baba anaongea mfululizo, kwa kasi, juu ya familia inayomponyoka mikononi, na kila mkewe au watoto wake wanapofumbua midomo, sauti inayowatoka ni ya yule yule baba. Baada ya sekunde 90 kimekwisha. Linafuata tangazo jingine, na watu waliokaa gizani hawajui walikuwa wanauziwa nini.

Kipande hicho kinaitwa Me/We, na kilikuwa na wenzake wawili. Katika Okay, mwanamke anatembea ukuta hadi ukuta ndani ya chumba akisimulia mapenzi yaliyojaa vipigo, na sauti yake inabadilika njiani: mara ni yake, mara ni ya mwanamume, mara ni ya mtu mwingine kabisa. Katika Gray, wanawake watatu wamo ndani ya lifti inayoshuka, wanazungumza harakaharaka juu ya maafa ya nyuklia. Vyote vitatu vilipigwa kwa filamu ya milimita 35, kwa unadhifu wa tangazo la kampuni yenye fedha, kisha vikaoneshwa kwenye sinema, kwenye televisheni katikati ya matangazo halisi, na kwenye nyumba za sanaa. Aliyevitunga na kuviongoza ni Eija-Liisa Ahtila.

Ninaanzia hapa badala ya kuanzia kwenye kuzaliwa kwake, kwa sababu ndipo lilipojitokeza waziwazi swali lililomwongoza katika kazi zilizofuata: ndani ya picha, sauti ni ya nani, na ni nani aliyepewa nafasi ya katikati? Baba wa kwenye Me/We ameimeza familia nzima kwa sauti yake. Hakuna anayempinga, kwa kuwa hata wa kumpinga anasema kwa koo la baba. Katika dakika moja na nusu msanii huyu ameonesha kitu ambacho riwaya nene huhangaika nacho.

Ahtila alizaliwa mwaka 1959 Hämeenlinna, mji ulio kama kilomita 100 kaskazini mwa Helsinki. Alisoma sheria katika Chuo Kikuu cha Helsinki kuanzia 1980 hadi 1985, na katika miaka hiyo hiyo akahudhuria shule huru ya sanaa jijini humo. Mwishoni mwa muongo ule alifanya kazi bega kwa bega na msanii mwenzake Maria Ruotsala, nazo zilikuwa kazi za kuhoji: makumbusho yanapata wapi mamlaka ya kuamua sanaa ni ipi, na nani anayefaidika na uamuzi huo. Mwaka 1990 akaenda London kusomea filamu na video; mwaka 1994 akaenda Los Angeles, katika chuo cha UCLA na American Film Institute. Sitaki kudai kwamba sheria ndiyo iliyomfanya awe msanii wa aina hii. Hata hivyo, watu wa kwenye filamu zake wana tabia ya mashahidi. Wanaikabili kamera, wanaeleza kilichowapata kwa utaratibu, na mara nyingi wanachokieleza ni kizito kuliko sura wanayokieleza nayo. Hawatafuti huruma. Wanataka yaandikwe.

Mwaka 1995 alitoa If 6 Was 9. Wasichana wa Helsinki wenye umri wa miaka 13 hadi 15 wanazungumza juu ya ngono: udadisi wao, waliyoyaona, waliyoyasikia, wanayoyataka na wasiyoyataka. Mmoja wao anatamka kwamba yeye ana umri wa miaka 38, na ghafla huna hakika tena kama unamsikiliza mtoto au mtu mzima anayekumbuka. Muhimu zaidi, kazi hiyo haikukaa kwenye skrini moja. Ilikuwa na tatu, zimepangwa pamoja. Tangu hapo skrini nyingi zikawa njia yake kuu.

Kuongeza skrini namna hii hakukuwa pambo. Katika filamu ya kawaida, mhariri ndiye anayeamua jicho lako liende wapi. Anakata, anaunga, anakuonesha uso wa anayesema kisha uso wa anayesikiliza, na wewe unapokea kwa mpangilio aliokupangia. Zinapokuwepo skrini tatu, sehemu ya kazi ile inahamia shingoni mwako. Ukimtazama binti aliye kushoto, kuna kinachotokea kulia usichokiona. Mtu aliyekaa kando yako ameona filamu nyingine kidogo kuliko uliyoiona wewe, na nyote wawili mmeona sawasawa. Jambo hili lina uzito wa kisiasa hata pale ambapo hadithi yenyewe haina siasa, kwa sababu linamnyang'anya msimulizi kiti cha peke yake.

Today, ya mwaka 1996 na 1997, ndiyo ninayoiona kuwa ya kwanza kufikia ukamilifu katika mtindo huo. Babu amekufa usiku, amegongwa na gari. Binti anadundisha mpira uani na kueleza kwamba leo baba yake analia. Mwanamke mzee anayeitwa Vera anaongea upande wake. Baba anaongea upande wake. Kila sehemu ina ukuta wake, na ikiisha moja nyingine inaanza pengine, kwa hiyo mtazamaji anageuka na kugeuka tena. Kila anayeongea yuko karibu na kifo kile, wala hakuna mwenye habari kamili. Aliyekuwa akiendesha gari ni nani? Marehemu alikuwa akifanya nini barabarani gizani? Vipande vinapokutana, kinachokujia ni uzito wa mwana na baba yake, uzito ambao hakuna hata mmoja wao aliyeweza kuutamka wakati wote wawili wangali hai.

Kazi nyingi za Ahtila za kipindi hicho zina miili miwili. Upo mwili wa sinema, skrini moja, wenye mwanzo na mwisho, ambao hupelekwa kwenye matamasha ya filamu na hurushwa na televisheni. Upo mwili wa nyumba ya sanaa, kuta mbili, tatu au zaidi, unaozunguka bila kukoma. Waigizaji ni wale wale na maneno ni yale yale, lakini havilingani. Kwenye sinema mambo yanafuatana. Ukutani yanakaa pamoja kwa wakati mmoja. Nimesoma wahakiki wanaoziita hizi nakala mbili za kitu kimoja, nami sikubaliani nao. Mtu anayekumbuka msiba haukumbuki kwa foleni, tukio hili kisha lile. Unamjia wote kwa mpigo. Kuta zinaweza kulisema hilo kwa namna ambayo skrini moja haiwezi.

* * *

Filamu ya milimita 35, waigizaji wa kulipwa, taa, wapiga picha waliobobea: haya yanakula fedha, na mtu asiyetengeneza burudani ya kujaza kumbi lazima azitoe mahali. Ufini ni nchi ya watu milioni tano na nusu tu, yenye lugha isiyozungumzwa sana nje ya mipaka yake. Soko la ndani haliwezi kumlisha msanii wa majaribio. Kilichomlisha ni mpangilio wa taasisi. Mfuko wa filamu wa taifa ulikuwepo tangu 1969. Mwaka 1987 shirika la hakimiliki la Kopiosto lilianzisha kituo cha AVEK, ambacho fedha zake zilitoka kwenye tozo ya kanda tupu: kila aliyenunua kaseti ya kurekodia alichangia kiasi kidogo, na fedha hizo zikawarudia watunzi wa filamu fupi, filamu za hali halisi na sanaa ya video. Mwaka 1989 wasanii wenyewe wakaunda AV-arkki, chombo cha kusambaza kazi zao nje. Shirika la utangazaji la taifa, YLE, nalo lilikuwa likinunua na kushirikiana.

Nayaeleza haya kwa kirefu kwa sababu simulizi za wasanii hupenda kuyaruka, kana kwamba kipaji hula hewa. Ahtila ana kipaji kikubwa, lakini alikuwa katika kizazi kilichokuwa na mahali pa kupeleka barua ya maombi na kujibiwa. Juu ya hapo akajiwekea ukuta wake mwenyewe wa kujihami: kampuni ya utayarishaji ya Kristallisilmä, inayofahamika nje kwa jina la Crystal Eye, ambayo mtayarishaji wake ni Ilppo Pohjola. Pohjola mwenyewe ni mtengenezaji wa filamu, aliyejulikana kwa filamu ya hali halisi ya mwaka 1991 juu ya mchoraji Tom of Finland, na ndiye mwenzi wake wa maisha. Kampuni ikiwa mkononi mwao, hakuna mkubwa wa studio wa kusema hadithi ielekee upande huu au ule. Ahtila anaandika, anaongoza, na haki zinabaki nyumbani.

Consolation Service ya mwaka 1999 ilimpeleka kwenye maonesho ya sanaa ya Venice, Biennale, mwaka huo huo. Skrini ni mbili. Anni na J-P, wana mtoto mchanga, wanaachana. Jirani yao, mwanamke mwandishi, ndiye anayeisimulia hadithi huku akiitunga. Wanakwenda kwa mshauri wa ndoa, na hapo maneno yao ni ya watu waliochoka kupita kiasi cha kugombana. Halafu inakuja sehemu ya barafu: wako na marafiki, wanavuka maji yaliyoganda, barafu inapasuka, wanazama. Katika kitu kinachofanana na ibada, J-P anarudi, si mzima wala si maiti, ili kuagana kuweze kukamilika. Wafini huvuka maziwa na ghuba zao kwa miguu wakati wa baridi, kwa hiyo hofu ya barafu kupasuka ni hofu ya kila nyumba. Ahtila ameichukua hofu hiyo akaivika talaka. Sijaona filamu nyingine inayosema kwa usahihi kiasi hicho kwamba ndoa inayovunjika inawaua watu wawili waliokuwepo, kisha wanaobaki hai ni wengine.

Tuzo zikaanza kuja. Mwaka 2000 alikuwa wa kwanza kupewa Tuzo ya Vincent van Gogh ya sanaa ya kisasa barani Ulaya. Mwaka 2002 Tate Modern ya London ilimpa maonesho ya peke yake, na mwaka huo huo akaalikwa Documenta 11 mjini Kassel, Ujerumani. Documenta ile iliongozwa na Okwui Enwezor, mzaliwa wa Nigeria, Mwafrika wa kwanza kukabidhiwa maonesho hayo makubwa.

Alichokipeleka Kassel kilikuwa The House. Ni dakika 14, skrini tatu. Kabla ya kuiandika, Ahtila alizungumza na wanawake waliowahi kupata ugonjwa wa akili unaomtenga mtu na uhalisia, akakusanya walichomweleza. Kutokana na mazungumzo hayo ilizaliwa pia filamu ndefu, Love Is a Treasure, yenye hadithi za wanawake watano. The House ni hadithi ya mmoja wao, Elisa. Anaishi peke yake katika nyumba ya mbao msituni. Anaingia, anatundika vitu, anatueleza vyumba kwa utulivu wa mwenyeji anayempokea mgeni. Polepole nyumba inaanza kuvuja. Sauti za mahali pengine zinamfikia zikiwa karibu, honi ya meli ya mbali inalia ndani ya kichwa. Gari lake linapita ukutani, dogo. Ng'ombe aliyekuwa kwenye televisheni anatembea sebuleni. Elisa anashona mapazia meusi na kuziba madirisha, maana ikiwa haoni kitu, walau atabaki mahali pamoja na sauti anazozisikia. Kuna wakati anapaa kati ya miti, akishika matawi, na uso wake hauna hofu.

Filamu za kibiashara zimetuzoesha kumwogopa mgonjwa wa akili au kumcheka. Sisi wenyewe tunalo neno kichaa, na tunajua linavyotumika mtaani. Ahtila hafanyi hayo wala hamwonei Elisa huruma ya juujuu. Anakuweka ndani ya mantiki yake. Skrini tatu zinaanza zikionesha chumba kimoja kwa pembe tatu, kila kitu mahali pake. Kisha zinaachana. Kilicho kushoto hakiungani tena na kilicho katikati, sauti haikai na kinachoitoa, na wewe uliyeingia ukumbini ukiwa mzima unahangaika kukiunganisha chumba usiweze. Maradhi hayaoneshwi, mpangilio wenyewe wa ukumbi ndio unaokufanya uyapitie. Kwa dakika chache unaelewa kwa nini mwenye akili timamu angeshona mapazia. Nikiulizwa ni kazi gani inayothibitisha kwamba skrini nyingi zilikuwa za lazima, nitaitaja hii kabla ya nyingine yoyote.

* * *

Kuanzia 2005 kazi zake zinagusa Afrika, na hapa inafaa tutazame kwa makini. The Hour of Prayer, ya skrini nne, inasimulia kifo cha mbwa. Inaanza New York katika tufani ya baridi na inaishia Benin, Afrika Magharibi, miezi 11 baadaye, mwenye mbwa akiwa bado na majonzi yake. Mwaka 2006 akapata tuzo ya Artes Mundi ya Cardiff, yenye thamani ya pauni 40,000. Mwaka 2007 ikafuata filamu ya Fishermen, fupi, skrini moja tu: wavuvi wa pwani ya Benin wanajaribu kuiingiza mashua baharini wakati bahari imechafuka. Wanaisukuma, wimbi linairudisha. Wanaisukuma tena. Hakuna msimulizi wala hadithi.

Msomaji wa Bagamoyo au Lamu hahitaji kuelezwa jambo hilo. Amewaona watu wakipima wimbi kwa macho kabla ya kusukuma chombo. Nina wasiwasi kidogo na Fishermen. Mwafrika anayepambana na asili bila kufanikiwa ni picha ambayo Ulaya imeitazama mno, na kwa mtu ambaye katika kazi nyingine anawapa watu maneno kwa ukarimu, kuwaacha wavuvi wale bila neno ni upungufu. Kwa upande mwingine, kamera haiwafanyi wanyonge. Inaonesha maarifa: nani anashika wapi, lini wote wanaruka, namna kundi linavyoamua bila kupigiana kelele. Wanaoijua kazi ile watayaona hayo.

Mwaka 2008 ndipo alipofanya kazi yake kubwa kuliko zote, Where Is Where?, ya skrini sita na karibu saa nzima. Chanzo chake ni kurasa za Frantz Fanon. Kitabu cha Fanon kilichotoka mwaka 1961, ambacho Gabriel Ruhumbika na Clement Maganga walikifasiri kwa Kiswahili kwa jina la Viumbe Waliolaaniwa, kina sura ya maradhi ya akili yaliyoletwa na vita vya ukoloni. Fanon alikuwa daktari wa akili katika hospitali ya Blida, Algeria, kuanzia 1953 hadi 1956. Miongoni mwa waliopita mikononi mwake walikuwa wavulana wawili Waalgeria, wa miaka 13 na 14, waliomuua mwenzao Mzungu, rafiki waliyekuwa wakicheza naye. Hawakuwa na ugomvi naye. Walijua kilichotokea Rivet, kijiji cha karibu na Algiers, ambako mwaka 1956 wanamgambo wa walowezi waliwatoa watu 40 vitandani wakawaua, na hawakusikia kwamba Mzungu yeyote alifungwa kwa hilo. Walieleza kwamba hawangeweza kuwaua watu wazima, kwa hiyo walimuua aliye rika lao.

Ahtila hakujifanya Mwalgeria. Filamu inaanzia Ulaya, katika nyumba ya mshairi wa leo, anayeigizwa na Kati Outinen, mwigizaji aliyeshinda tuzo ya Cannes mwaka 2002 kwa filamu ya Aki Kaurismäki. Mauti yanabisha hodi kwake, yanaingia, yanataka maneno. Na Algeria ya miaka ya hamsini inaanza kuingia nyumbani humo: wavulana wamo ndani ya mashua kwenye bwawa lake la kuogelea. Vita vilivyodhaniwa kuwa vya mbali, vya wengine, vya zamani, vimepata mlango. Skrini nne kati ya sita zinamzunguka mtazamaji pande zote. Ukiwaelekea wavulana, umewapa mgongo waliouawa. Ukiwaelekea waliouawa, kisu kiko nyuma yako. Hakuna pa kusimama pasipo na lawama. Na mwishoni, nje ya ukumbi ule, kwenye skrini ya peke yake, kuna picha halisi za vita vile, ili asiwepo anayetoka akidhani ametazama ndoto ya mshairi.

Je, Mfini ana haki ya kuigusa habari hii? Nchi yake haikuwa na koloni Algeria. Jibu langu ni kwamba alipata haki hiyo kwa kukataa njia mbili rahisi. Hakuwaigiza wahanga kwa kilio cha kukodi, wala hakujificha nyuma ya hoja kwamba hayamhusu. Aliiweka hukumu mahali Fanon alipoiweka: mtoto anayeua amefundishwa na waliokwisha kuua bila kuulizwa. Inashangaza pia jinsi njia yake ilivyokuwa imemwandaa. Msanii aliyetumia miaka kuwasikiliza wagonjwa wa akili kama mashahidi wa kuaminika amekutana na daktari aliyefanya vivyo hivyo nusu karne kabla yake.

* * *

Baada ya Algeria angeweza kuendelea na historia. Badala yake alimgeuzia binadamu mwenyewe swali lake. The Annunciation, ya mwaka 2010 na skrini tatu, inawaonesha wanawake wakitayarisha igizo la malaika Jibrili kumpasha habari Mariamu. Wengi wao hawakuwa waigizaji. Walitoka kwenye huduma ya kuwasaidia wanawake ya taasisi ya kidiakonia ya Helsinki. Wanazungumza juu ya waya za kumning'iniza malaika, wanajaribu, wanaanguka. Wapo punda pia. Hapa Ahtila anamfuata mwanabiolojia Jakob von Uexküll, mzaliwa wa Estonia, aliyefundisha kwamba kila kiumbe kina ulimwengu wake kulingana na viungo vyake vya kuhisi, na dunia hizo zinaishi sambamba bila kuonana. Muujiza, kwa filamu hii, ni dunia moja kugusana na nyingine.

Kisha, mwaka 2011, akaamua kupiga picha ya mti. Horizontal ni mti mmoja wa sprusi, jamii ya misonobari, wa aina iliyojaa katika nchi ambayo misitu imefunika zaidi ya asilimia 70 ya ardhi. Ilikuwa ngumu kuliko inavyosikika. Ukitaka mti mrefu uingie wote kwenye fremu, lazima urudi nyuma sana, na ukirudi nyuma mti umekuwa mandhari. Ukitumia lenzi pana, shina linapinda. Ukiigeuza fremu isimame, hailingani na skrini yoyote ya sinema. Kamera, tangu mwanzo, ilitengenezwa kwa kipimo cha mwili na uso wa mtu. Ahtila aliupiga mti vipande vipande, kutoka urefu mbalimbali, akaviunga kwenye skrini sita zilizopangwa kwa mlalo, mti umelala ubavuni, upepo unaupitia kutoka shinani hadi kileleni. Chini yake amesimama mtu, mdogo mno. Kwa dakika sita hakuna kinachotokea isipokuwa mti kuwa mti, na unatosha.

Huo ndio mwisho wa njia iliyoanza na baba wa kwenye tangazo. Kwanza aliiondoa sauti moja katikati ya familia, kisha Ulaya katikati ya historia, na sasa binadamu katikati ya picha. Studies on the Ecology of Drama ya mwaka 2014, ambamo Outinen anatoa somo huku tukiona kichaka, farasi, mbayuwayu, kipepeo na wanasarakasi, inayasema haya kwa mdomo, nami naona inasema mno. Mti uliyasema vizuri zaidi ukiwa kimya. Potentiality for Love ya 2018 inauliza ni umbali gani upendo wetu unaweza kufika kwa viumbe wasio watu, na inarudisha ujasiri ule wa mwanzo.

Ulimwengu wa sinema haukumsahau hata alipouacha ukumbi wake: mwaka 2011 alikaa kwenye jopo la waamuzi wa tamasha la filamu la Venice, chini ya Darren Aronofsky. Lakini kazi zake haziuzwi kama filamu. Huuzwa kwa nakala chache zenye namba, kupitia nyumba ya sanaa ya Marian Goodman, na wanunuzi wengi ni makumbusho. Hilo limemlinda na kumpa uhuru, na pia limezifanya kazi zake ziwe mbali na watu wengi. Kwetu Afrika Mashariki ni vigumu kuziona zikiwa katika umbo lake kamili, na vipande vinavyopatikana kwenye simu ni picha za kazi tu, kazi yenyewe haimo.

Kwa hiyo, ndugu msomaji, ukijaliwa kufika jumba la sanaa la Kiasma jijini Helsinki, au jumba jingine lolote linaloonesha kazi ya Ahtila, usisimame mlangoni ukachungulia kama wageni wengi wanavyofanya. Ingia hadi katikati ya ukumbi. Itazame mara ya kwanza ukielekea ukuta mmoja, kisha ngoja irudi mwanzo, ugeuke, uitazame tena ukielekea ukuta wa pili.